Vidonge vya nondo kwenye kanga za mtoto mchanga

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu hii niseme juu ya harufu moja iliyomo katika nyumba nyingi za huku kwetu Tanga, na ambayo sijaona mtu akiiogopa. Ni ya vile vidonge vyeupe vya kufukuza nondo, wadudu wanaotoboa nguo, yaani nafthalini, tunavyovitupia kabatini, masandukuni na hata chooni.

Mwaka jana binti yangu alipokaribia kujifungua, nilifungua sanduku nikatoa doti tatu za kanga na vishati vya flana nilivyokuwa nimemwekea mjukuu tangu mimba ikiwa changa. Vilikuwa vinanukia nafthalini. Machoni pangu hiyo ndiyo ilikuwa alama ya nguo iliyotunzwa, kwa hiyo sikuzifua. Nilizikung'uta tu, na kila mara mtoto alipotoka kuogeshwa na kupakwa mafuta nikamfunga humo. Siku ya tano macho yake yakawa ya njano kama binzari, mkojo ukafanana na chai ya rangi, na ziwa hataki. Hospitalini alilazwa chini ya taa ya buluu, kisha akaongezewa damu. Daktari akaniuliza swali ambalo sikulitegemea: "Bibi, nguo za mtoto mlizihifadhi na nini?"

Vipimo vilionyesha kuwa mjukuu wangu amezaliwa na upungufu wa G6PD. Hiki ni kimeng'enya kinachozilinda chembe nyekundu za damu. Asiye nacho cha kutosha anaweza kuishi miaka mingi bila kujua, mpaka akutane na kitu kinachozishambulia chembe hizo. Dawa ya malaria iitwayo primakwini ni mojawapo, na ndiyo iliyowafanya watafiti wa Marekani wautambue upungufu huu mwaka 1956. Nafthalini ni nyingine. Kidonge chake hakiyeyuki kuwa maji. Hugeuka mvuke moja kwa moja, ndiyo maana hukuta kimepungua kabatini hadi kimekwisha chenyewe. Mvuke huo hukaa ndani ya nguo. Mtoto huuvuta kwa pumzi na ngozi yake huunyonya, na ngozi iliyopakwa mafuta hunyonya zaidi. Ukishaingia mwilini hugeuka sumu inayopasua chembe nyekundu. Umanjano unaotokana na hapo ukizidi kwa mtoto mchanga hupanda hadi kwenye ubongo, na anayenusurika anaweza kubaki kiziwi au mwenye viungo vilivyokakamaa.

Tusidhani ni ugonjwa wa watu wachache wa mbali. Watu zaidi ya milioni 400 duniani wana upungufu huu, na umeenea hasa katika nchi zenye malaria, kwa kuwa humpa mtu kinga kiasi dhidi ya malaria kali. Hurithiwa kupitia kromosomu ya X, hivyo wavulana ndio huathirika zaidi. Binti yangu alihudhuria kliniki miezi yote, na hata mara moja hatukutajiwa habari ya vidonge hivi.

Umoja wa Ulaya uliiondoa nafthalini ya nondo sokoni mwaka 2008. Miaka sita kabla ya hapo, shirika la kimataifa la utafiti wa saratani lilikuwa limeshaiorodhesha miongoni mwa vitu vinavyoweza kusababisha saratani kwa binadamu. Mimi niliinunua sokoni ndani ya kimfuko cha nailoni kilichofungwa fundo, vidonge vikiwa vimekaa kama peremende. Hakikuwa na neno hata moja la Kiswahili: si jina la kilichomo, wala onyo, wala la kufanya mtoto akimeza.

Ningependa viondoke kabisa. Lakini nimeona marufuku nyingi zikibaki kwenye karatasi huku bidhaa ikiendelea kupangwa barazani, kwa hiyo naiomba mamlaka ya viuatilifu, TPHPA, pamoja na shirika la viwango, TBS, waanze na kinachoweza kukaguliwa kwa macho: kisiuzwe kidonge nje ya boksi lake, na juu ya boksi iandikwe kwa herufi kubwa, kwa Kiswahili, kwamba hakiwekwi na nguo wala matandiko ya mtoto mchanga. Wakunga nao waliseme hilo kliniki, siku ile ile wanapomtajia mama vitu vya kuandaa.

Na jamani, kanga ni pamba! Kiwavi wa nondo hula sufu, manyoya na hariri. Pamba safi haimshughulishi. Nguo ikifuliwa, ikaanikwa juani hadi ikauke kabisa na kufungiwa ndani ya mfuko mzima, inatosha. Bibi zetu walipanga karafuu na asumini kavu kati ya nguo zao. Udi pia walifukiza, ingawa chumba cha mtoto mchanga si mahali pa moshi wowote, hata wa udi.

Mjukuu wangu sasa anatambaa. Wiki iliyopita nilirudi kwa kijana aliyeniuzia vile vidonge, nikamsimulia yote. Alinisikiliza kwa adabu, kisha akaniuliza kama kuna karatasi yoyote anayoweza kuibandika pale mezani wateja waisome. Sikuwa nayo. Naomba wenye mamlaka wamwandikie.

Bibi wa mjukuu mmoja,
Tanga