Amani asubuhi, Pangani alasiri

Chumbageni,
Tanga

Shoga yangu Mwanaidi,

Assalaam alaykum. Natumai hujambo, na wanao na mzee hawajambo. Huku sote wazima.

Ujumbe wako nimeupata. Umeuliza kama wewe na wanakikoba wenzako mnaweza kuona maporomoko ya maji na mji wa Pangani kwa siku moja, kisha mkarudi kulala Tanga mjini. Mnaweza, tena vizuri. Sharti lake ni moja: mlimani kwanza, baharini baadaye, na msiligeuze hilo hata mwenye gari akikwambia ni mamoja. Mvua ya Usambara hupenda kushuka mchana na alasiri, na barabara ya udongo mwekundu ikilowa inateleza kama imepakwa mafuta. Pangani, kwa upande wake, jua la mchana linachoma, na mji unapendeza kuanzia saa 9 upepo ukishapoa. Mkianza na Pangani, mtafika mlimani mvua inaanza na kuteremka giza limeingia.

Kabla hujazungumza na dereva yeyote, tuelewane kwenye majina. Ukisema unataka "maporomoko ya Pangani", utapelekwa upande wa Hale, kwenye mitambo ya umeme. Maji ya huko kazi yake ni kuzungusha mitambo, hapana pa kuteremkia kuoga. Mwingine atakutajia Soni, njia ya Lushoto. Soni pazuri, lakini huko ni Usambara ya Magharibi, na ukitoka huko Pangani huiwahi. Mnachotaka ninyi ni Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani, Usambara ya Mashariki, juu ya Muheza. Andika hivyo kwenye makubaliano: Amani, kupitia lango la Zigi.

Sasa mwezi. Machi hadi Mei ni masika, msije. Vuli ya Oktoba hadi Desemba nayo ni bahati nasibu. Mimi nawapendekezea Julai au Agosti: mlimani kuna ubaridi, maji bado ni mengi kwa sababu masika yametoka kwisha, na machungwa ya Muheza yamejaa barabarani. Januari na Februari njia ni kavu zaidi, ila joto la Pangani litawachosha akina mama watu wazima. Chukueni koti jepesi hata Julai, kwani Amani iko karibu mita 900 juu ya bahari na hupata kama milimita 2,000 za mvua kwa mwaka. Huko hakuna mwezi ambao unaweza kuapa hautanyesha.

Siku yenyewe iwe Jumamosi. Ijumaa adhuhuri Pangani watu wako msikitini na maduka mengi yanafungwa. Halafu tazama mwezi wa Kiislamu. Ukichagua Jumamosi iliyo karibu na mwezi mwandamo au mwezi 14 na 15, bahari iko kwenye bamvua, yaani maji hujaa sana na kupwa sana, na pwani yetu wakati wa bamvua maji hujaa mnamo saa 10 alasiri. Mtakuta mto umejaa hadi kwenye kuta na ufuko uko tayari kwa kuoga. Siku za maji mafu, yaani maji madogo ya kwenye robo za mwezi, mambo hugeuka, saa 10 alasiri maji yamekupwa na mtaona tope. Kila siku inayopita maji huchelewa kama dakika 50, kwa hiyo hesabu ni rahisi hata bila jedwali.

Gari. Kwa watu 14, Coaster ni kubwa kuliko mnavyohitaji, na zile kona za kutoka Zigi kupanda Amani ni nyembamba na zimejikunja. Bora Hiace mbili zenye nafasi, au Hiace moja na Noah, mradi matairi yana meno na breki zimekaguliwa. Mwulize dereva swali moja tu: "Ukishuka kutoka Amani unatumia gia gani?" Akijibu ya pili, na ya kwanza kwenye kona kali, mpe kazi. Akisema atakuwa anakanyaga breki taratibu, mwache. Mteremko ule ukishuka kwa breki tu, zinapata moto, zinaanza kunuka, halafu hazishiki.

Malipo ya hifadhi hayapokelewi mkononi. Hifadhi iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, na mnalipa kwa kumbukumbu namba ya malipo ya Serikali, kwa simu au benki. Tatizo ni kwamba msituni mtandao hukatikakatika. Mwambie mwongozaji aombe hiyo namba siku moja kabla, mlipe mkiwa Tanga, na risiti ibaki kwenye simu mbili tofauti. Kila mtu aje na kitambulisho cha taifa, cha NIDA, maana Mtanzania ana bei yake na mgeni ana yake, na langoni hawasomi sura. Kwenye makubaliano na mwongozaji hakikisha yametajwa moja moja: mafuta, kiingilio, ada ya mwongozaji wa ndani ya msitu, chakula, maji ya kunywa, na mwongozaji wa Pangani. Bei ya jumla isiyotaja vitu hivi ndiyo huzaa ugomvi wa jioni. Mpe nusu mwanzoni, nusu mkirudi.

Ondokeni Tanga saa 12 asubuhi kamili. Muheza ni kama kilomita 35 za lami, mtafika kabla ya saa 1. Hapo ndipo pa chai, na ndipo pa choo, usiwaache wapite hivi hivi. Mbele ya Muheza lami huisha, na mnaingia njia ya udongo kuelekea Zigi. Hesabu saa nzima, zaidi kidogo kama kulinyesha usiku. Zigi mtajiandikisha kwenye nyumba ya zamani ya msimamizi wa stesheni, maana Wajerumani walileta reli ndogo mpaka hapo kubeba magogo. Kisha mnapanda Amani, ambako mwaka 1902 walianzisha bustani ya kupandia miti ya kutoka kila upande wa dunia. Hadi leo utaona mdalasini, iliki na karafuu zimekaa pamoja na miti ambayo hata wenyeji hawana jina lake. Hifadhi yenyewe ilitangazwa 1997.

Maporomoko yanayotembelewa ni zaidi ya moja, Derema na Chemka ni miongoni mwake. Chagueni moja tu. Mwulizeni mwongozaji mwendo kwa saa, si kwa kilomita, kwa sababu kilomita moja ya mteremko wenye mizizi si sawa na kilomita moja ya Barabara ya Kumi na Mbili hapa mjini. Mwambie ukweli kuhusu magoti ya watu wako. Kama kuna wawili watatu hawawezi, wabaki kwenye bustani ya Amani na mtu mmoja wa kuwaangalia, watafurahi kuliko kukokotwa.

Mavazi nakusihi uyasimamie wewe mwenyewe. Kandambili hapana, na viatu vya plastiki laini hapana. Raba zenye meno. Na dera, shoga yangu, liache hotelini. Dera likilowa linashika miguu yote miwili, na hapo unapotakiwa kuvuka jiwe hadi jiwe hatua inakataa kufunguka. Suruali pana na blauzi ndefu inatosha, na kanga moja ya kujifutia na kubadilishia. Soksi ziwe ndefu, suruali ichomekwe ndani yake, kwa ajili ya siafu wanaokata njia. Mkikuta msafara wao, msisimame kuutazama, rukeni mpite.

Mkifika kwenye maji, tazama mawe kabla ya kukanyaga. Jiwe kavu la kijivu linashika. Jiwe jeusi linalong'aa, au lenye utando wa kijani, litakuangusha hata kama umevaa kiatu cha jeshi. Kanyaga katikati ya jiwe, uzito uwe mbele, mikono iwe mitupu, simu kwenye mfuko wa nailoni uliofungwa. Kwenye bwawa la chini watu waingie kwa miguu, polepole, wasijirushe, kwa sababu mafuriko huhamisha mawe na pale palipokuwa na kina mwaka jana leo pana mwamba. Wasisimame chini kabisa ya maji yanapoangukia, maana huja na vijiti na vijiwe. Na hili mwambie kila mmoja: maji yakibadilika rangi kuwa ya chai ya maziwa, au majani makavu yakianza kushuka kwa wingi, tokeni, pandeni juu, hata kama hapo mlipo jua linawaka. Mvua imeshanyesha huko juu, na inakuja.

Sabuni na shampuu zisiguse maji yale. Mto Zigi ndio unaojaza bwawa la Mabayani, na Mabayani ndiyo inayotunywesha hapa Tanga mjini. Tunachoosha huko tunakikinga bombani huku.

Kabla hamjageuka, mwombe mwongozaji awaonyeshe ua moja dogo. Linaota kwenye miamba yenye kivuli na unyevu, mara nyingi mahali ambapo mtu anaweka mkono kujishikilia. Majani yake ni manene, yamelala bapa, na yana manyoya laini yanayobakiza matone bila kulowa. Ua ni la zambarau, na katikati pana vichembe viwili vya njano kama punje za mtama. Kina mama wa Ulaya wanalifuga madirishani bila kujua kwao ni wapi. Liliokotwa Usambara, na afisa wa Kijerumani aliyekaa Tanga, Walter von Saint Paul-Illaire, alilipeleka kwao miaka ya 1890, wakalipa jina lake, Saintpaulia. Msiling'oe. Msituni limebaki kwenye vipande vichache tu vya miamba, na likikauka kwenye mkoba wako halirudi.

Saa 5 na nusu muwe mmeshageuza gari. Hapo kuleni vitafunwa tu: mayai ya kuchemsha mawili kwa kila mtu, maandazi, machungwa. Maji ya kunywa lita moja na nusu kwa kila mtu kwa siku nzima, na maganda yote yashuke nanyi.

Kutoka Muheza kwenda Pangani kuna njia mbili. Ya mkato hupita Boza, kama kilomita 45 za udongo kati ya mashamba ya mkonge, na kukiwa kukavu ni saa moja na nusu. Kama asubuhi kulikuwa na mvua, acheni mkato, zungukeni kupitia Tanga, ni kilomita 35 na nyingine 50. Ni mbali zaidi lakini mtafika. Mkonge mtakaouona una ukoo na Pangani hiyo hiyo: mwaka 1893 Richard Hindorf alileta miche kutoka Florida, ikanusurika 62 tu, ikapandwa Kikogwe, ng'ambo ya mto.

Chakula cha Pangani kiagizwe jana yake, usitegemee kukuta. Mkifika watu 14 bila taarifa, mama lishe atakwenda kununua samaki mnamtazama, na saa mbili zimekwisha. Mwagizie kilo 2 za mchele wa wali wa nazi, nazi 4, samaki wa kukaanga mmoja mmoja wa saizi ya sahani, na mchuzi wa pweza kama upo. Mwambie mtakula saa 8 na nusu.

Mji unatembewa kwa miguu, saa moja na nusu inatosha. Mkiingia nyumba ya zamani, msiishie kupiga picha mlango wa kuchonga. Inueni macho darini. Mtaona boriti za mkoko zimepangwa karibu karibu, na juu yake mawe ya matumbawe na chokaa. Boriti ya mkoko haipatikani ndefu kupita kiasi, na ndiyo maana vyumba vyote ni virefu na vyembamba: mti uliamua upana wa nyumba. Mwongozaji awaeleze habari za Bushiri bin Salim, aliyeongoza watu wa pwani kuwapinga Wajerumani mwaka 1888, na akanyongwa hapo hapo Pangani Desemba 1889. Kwenye boma ombeni ruhusa kabla ya kuinua simu.

Mtoni msiingie. Mto Pangani una mamba, na maji yakianza kupwa mkondo wa mlangoni hukokota hata mtu anayejua kuogelea. Kuoga ni ufukoni, mbali na mlango wa mto. Na mtu asiwashawishi kuongeza Maziwe siku hiyo hiyo. Maziwe siku hizi ni fungu la mchanga linaloonekana maji yakipwa na kufunikwa yakijaa, na nimekwambia siku ya bamvua saa 10 bahari imejaa. Julai pia upepo wa kusi unavuma, mashua itawatapisha. Hiyo mpeni siku yake.

Saa 11 na robo ondokeni, kilomita 50 hadi Tanga, muimalize sehemu kubwa ya njia kabla ya magharibi.

Nitumie majina na namba za NIDA kabla ya tarehe 20, na uniambie wangapi hawali pweza.

Wasalimie wote hapo nyumbani.

Ni mimi shoga yako,
Mwanahawa