Barua kwa mwalimu mwenzangu

Uyole, Mbeya

Mwalimu mwenzangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka kwenye baridi ya Uyole. Sisi tu wazima, viazi tumeshachimba, na shikamoo yako kwa mama imefika. Nimeona nikuandikie, maana jambo lenyewe lisingeelezeka vizuri kwa simu.

Juma lililopita lori lilifeli breki kwenye mteremko wa barabara kuu, likaigonga bodaboda iliyokuwa imepakia mshikaki, yaani abiria zaidi ya mmoja. Kabla dereva wa bodaboda hajafunikwa hata khanga, picha yake ilikuwa imeshasambaa mtandaoni: amelala kifudifudi, kiatu kimoja kimemtoka, na aliyeipiga wala mkono haukumtetemeka. Chini yake mtu aliyeweka picha ya ua mahali pa uso wake, na jina la kubuni, aliandika kwamba leo mshikaki umeiva. Waliocheka walikuwa wengi kuliko waliotoa pole.

Kwenye maziko mpwa wangu alishika koleo hadi mwisho, jasho likimtiririka. Usiku huo aliniachia simu yake niichaji, nami nikaliona lile ua. Nilipomuuliza, alinijibu, "Mjomba, pale hakuna anayenijua."

Mwanasaikolojia wa Marekani, John Suler, aliandika kuhusu hali hii mwaka 2004: mtu asipoonekana, wala yeye asipoyaona macho ya anayemuumiza, kizuizi cha moyoni hulegea. Usiniambie dawa ni kumlazimisha kila mtu ajitambulishe, kwani Korea Kusini walijaribu kwa sheria mwaka 2007, na Mahakama yao ya Katiba ikaibatilisha mwaka 2012. Hapa kwetu ipo Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015, ambayo nadhani kijana wangu hajawahi kuiwaza hata mara moja.

Lakini kinachoninyima usingizi si yeye peke yake. Picha ile niliifungua na mimi asubuhi, kikombe cha chai mkononi, nikaikuza ili niione vizuri, kisha nikamalizia kitumbua changu. Sikushtuka mpaka nilipofika msibani na kumwona mama wa marehemu amekipakata kile kiatu.

Sasa nashauriana nawe. Je, nimpeleke kijana kwa mama yule akakiri kwa kinywa chake, au nitakuwa nimemchoma mama huyo mara ya pili kwa neno ambalo huenda hajalisikia? Wewe huko Iringa umewalea wengi wa umri wake. Nijibu kabla ya Jumamosi.

Mwenzako wa Uyole