Wageni waweke simu chini saa ya chai, huko Kilimanjaro

Ndugu mhariri, salamu na poleni na kazi. Mimi ni mgumu, yaani wale tunaobebea wageni mizigo Kilimanjaro njia ya Marangu, naomba nafasi kidogo kuhusu hii intaneti ambayo shirika la simu la TTCL walifikisha kambi ya Horombo, mita 3,720 juu ya bahari, mwezi wa nane 2022. Kabla sijatukanwa niseme siipingi, mtu akiumia unaita msaada chap, na sisi wenyewe tunaongea na watoto nyumbani.

Ila mlima unaichezea akili namna mbili, na wageni wengi wanajua moja tu. Siku ya kwanza msituni mtu anapita chini ya mbega hata hamuoni mpaka umuonyeshe, halafu siku ya pili ya tatu macho yanafunguka, anasikia kijito kabla hatujakifikia, anauliza majina ya maua, anamshtukia kunguru wa shingo nyeupe anayevizia mkate wake. Hiyo naipenda sana. Ukiendelea juu inageuka. Usiku wa kwenda kilele cha Uhuru, mita 5,895, oksijeni unayovuta ni kama nusu ya ile ya Tanga pwani, mtu mzima na elimu yake anaona kisigino cha aliye mbele tu, kavaa glavu mkono mmoja wa pili kasahau, ukimuuliza leo siku gani anaanza kuhesabu!

Sasa mwongozaji anamjuaje mapema mtu anayeugua kwa hewa hiyo nyepesi? Anamsikiliza. Chai na bisi mezani, nani jana alikuwa mcheshi leo kanyamaza, nani anarudia swali lile lile, nani anasukuma sahani. Siku hizi meza nzima imeinamia simu, kimya, utajuaje huyu anasoma meseji na yule kichwa kinamgonga? Safari moja tulikuwa na mama mmoja mgeni, sote tukajua anachati, kumbe ameshika simu tu na skrini imezima kitambo, aliposimama ndo tukaona anayumba, tukamteremsha usiku ule ule (alipona, tena alitucheka sisi).

Ombi langu kwa makampuni ya utalii ni dogo, waandike kabisa kwenye maelekezo ya safari kwamba kuanzia Horombo, saa ya chai na ya chakula cha jioni simu zote zinakaa kwenye kapu. Kapu nitabeba mimi, halina uzito.

Mgumu, Marangu