Ghala la mchele lina mlango wa kuingilia, wa kutokea je?

Mhariri,

Bei ya mchele ikipanda, serikali nyingi hukimbilia jambo moja: kufuta ushuru ili mchele wa nje uingie kwa wingi. Shehena huchukua wiki kadhaa kufika. Iliyoagizwa kwa hofu hushushwa bandarini mkulima akiwa ndiyo kwanza anavuna. Anauza kwa hasara, na msimu unaofuata anapunguza shamba. Uhaba uliokusudiwa kuondolewa unarudi.

Kutegemea soko la dunia nako ni hatari. Takriban sehemu moja tu kati ya kumi ya mchele wote ndiyo huvuka mipaka, na karibu asilimia 40 ya huo hutoka India. Julai 2023 India ilipozuia mchele wake mweupe usio basmati kuuzwa nje, asiyekuwa na kitu ghalani hakuwa na la kufanya ila kulipa.

Kwa hiyo akiba ni lazima, lakini iwe na kanuni ya kununua na ya kutoa. Thailand mwaka 2011 iliwaahidi wakulima baht 15,000 kwa tani ya mpunga, juu kabisa ya bei ya soko. Maghala yakafurika, wanunuzi wa nje wakaikimbia bei hiyo na kwenda India na Vietnam, na sehemu ya mchele ikaharibikia humo humo.

Akiba ya muda mrefu ihifadhiwe kama mpunga, kwa sababu ganda huikinga punje na wadudu. Mpunga hutoka shambani na unyevu wa asilimia 20 hadi 25. Lazima ushuke hadi 14 au chini yake, na upimwe kwa kipimo, si kwa kung'ata punje. Gunia moja bichi likifichwa katikati ya rundo hupata joto, huota ukungu, na punje hugeuka njano. Magunia yakae juu ya chaga, mbali na ukuta, na yaliyotangulia kuingia yatangulie kutoka. Hesabu nayo iwe ya kweli: tani 100 za mpunga hutoa mchele tani 65 hivi. Anayezihesabu zote kuwa chakula amejidanganya kwa theluthi nzima.

Bei ya soko ambayo ikifikiwa ghala linafunguliwa itangazwe kabla mkulima hajapanda mpunga, isiguswe katikati ya msimu. Na msamaha wowote wa ushuru uhesabiwe kwa siku ambayo meli inafika, si siku ambayo kibali kinatolewa.