Taarifa ya Mwenyekiti: Mwaka Tuliokaa na Belva Lockwood

Ndugu wanachama, wakubwa shikamooni, na wengine wote habari za siku nyingi.

Mambo ya kawaida ya chama chetu cha mawakili ntayapitia haraka. Mweka hazina ameshawatumia hesabu, zimekaguliwa na ziko sawa, ada bado wapo wanaodaiwa nawaomba sana wamalizane naye. Vikao vimefanyika vyote isipokuwa kimoja tulichoahirisha kwa sababu ya msiba.

Kilichonikaa moyoni ni lile tulilokubaliana mwanzoni mwa mwaka, kwamba tuache kuita wageni wa kutuhutubia, tushike maisha ya wakili mmoja mwanamke tuyasome mpaka mwisho. Tukamchagua Belva Lockwood wa Marekani, ambae wengi wetu tulijua jina lake tu, yule mwanamke wa kwanza kuruhusiwa kutetea kesi Mahakama ya Juu kule kwao, basi, hatukujua alifikaje.

Kumbe mama yule alizaliwa 1830 kwenye familia ya wakulima Royalton, jimbo la New York, akaanza kufundisha shule akiwa na miaka 14 huku akilipwa kama nusu ya walichopata walimu wanaume kwa kazi ileile. Akaolewa, mume akafariki 1853 akamwachia binti mdogo, na yeye badala ya kutulia akarudi chuo, akamaliza 1857. Sheria aliianza akiwa mtu mzima kabisa, baada ya kuhamia Washington. Chuo cha kwanza alichoomba kilimkatalia eti atawavurugia vijana wa kiume masomo yao. Cha pili, National University, kikampokea 1871, akasoma akamaliza 1873, halafu wakamnyima cheti kwa sababu wanafunzi wanaume hawakutaka kuhitimu pamoja na wanawake!

Hapa ndo tulipobishana sana kwenye kikao. Akamwandikia barua Rais Ulysses Grant, ambae kwa cheo chake ndo alikuwa mkuu wa chuo, akimwambia kama kweli wewe ni mkuu wa chuo hiki basi nipe cheti changu, maana masomo nimemaliza. Cheti kikaja. Baadhi yenu mlisema ile barua ilikuwa na ukali kupita kiasi, mimi nasema hapana, mtu aliyemaliza masomo haombi cheti, anakidai. Nakumbuka siku yangu ya kwanza mahakamani nimevaa joho kabisa na bado nikaelekezwa kwenye benchi la mashahidi, na nikaenda nikakaa kimya. Mpaka leo inaniuma kwamba nilienda.

Kwa hiyo akaanza kazi Washington, nyingi zikiwa kesi za madai ya pensheni, akizunguka mjini kwa baiskeli ya magurudumu matatu. Mwaka 1876 Mahakama ya Juu ikamkataa kwa kuwa ni mwanamke. Sasa angalieni alichofanya, hakuishia kulalamika, alienda bungeni akawafuata wabunge mmoja mmoja miaka mitatu mpaka sheria ikapita Februari 1879, na tarehe 3 Machi akaapishwa. Yaani mahakama ilisema sheria haimruhusu, akaenda akaibadilisha sheria.

Mwaka uliofuata, 1880, alisimama mbele ya mahakama ileile kumwombea Samuel Lowery, mwanasheria mweusi kutoka majimbo ya kusini, aandikishwe nae. Mwenyewe alikuwa hajamaliza hata mwaka mmoja mle ndani. Hilo limenigusa kuliko hata kugombea kwake urais 1884 na 1888, wakati ambao yeye mwenyewe haruhusiwi kupiga kura, na kuliko hata kesi ya Wacherokee, wenyeji wa asili wa Marekani, dhidi ya serikali ya huko, ya 1906, ambayo alisaidia kuishinda akiwa na miaka 75, wakalipwa kama dola milioni 5. Alifariki 1917, miaka mitatu kabla katiba yao haijabadilishwa wanawake wapige kura nchi nzima.

Sasa nije kwetu, na nasema hili kwa uchungu. Mwaka huu mawakili vijana waliomba wanachama wakongwe wawapokee kwa mafunzo ya vitendo, na wengi wetu tulisema tuko bize. Mimi mmoja wao. Tunao watu wenye ofisi, wenye wateja, wenye majina, halafu binti aliyemaliza chuo anazunguka na bahasha.

Kamati imekubali, na naomba mkutano upitishe, kila mwenye miaka 10 na zaidi kwenye kazi achukue kijana mmoja mwaka huu, ampeleke mahakamani, amtambulishe kwa makarani na mahakimu, amwachie hata maombi madogo ayaongee mwenyewe. Karatasi ya kuandika majina iko kwa katibu. La kwangu nimeshaliandika, na binti ntakayekuwa nae anaanza Jumatatu.