Kant na Hegel wajibiwe, wasifutwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niijibu makala iliyotoka hivi karibuni, ambayo mwandishi wake alihoji kwa nini vyuo vyetu viendelee kulipia majarida ya kitaaluma yanayoshughulikia falsafa ya Kijerumani ya zama za Kant na Hegel, ilhali wanafalsafa hao waliwadharau Waafrika. Dharau hiyo ipo, na sina nia ya kuitetea. Ninachokipinga ni dawa aliyoipendekeza, ya kumtupa jongoo na mti wake, kwa sababu ni katika majarida ndimo Kant mwenyewe alimobishiwa angali hai.

Mwandishi aliitaja insha mashuhuri ya Kant kuhusu Mwangaza (lile vuguvugu la Ulaya la karne ya 18 lililowataka watu watumie akili zao wenyewe) kana kwamba ni sura ya kitabu, kumbe ilikuwa jibu kwa swali la jaridani. Mwezi Desemba 1783, mchungaji wa Berlin aitwaye Johann Friedrich Zöllner, alipokuwa akijadili masuala ya ndoa katika jarida la Berlinische Monatsschrift, aliuliza ndani ya tanbihi kwamba huo Mwangaza unaosemwa kila mahali ni kitu gani hasa. Kant alijibu katika toleo la Desemba 1784 na, akiwa kule Königsberg, mbali na Berlin, akamalizia kwa tanbihi yake mwenyewe: amesoma tangazo kwamba mwanafalsafa Moses Mendelssohn naye amekwisha kulijibu swali hilo, lakini toleo lenyewe bado halijamfikia, na lau lingalimfikia angaliizuia insha yake. (Wahadhiri wetu wanaosubiri majarida ya ng'ambo watamwelewa vizuri.)

Mwaka mmoja haukupita, na jarida hilohilo, mwezi Novemba 1785, likachapisha insha ya Kant kuhusu rangi za binadamu. Hapa ndipo penye hoja yangu. Mwaka 1786 Georg Forster, aliyekuwa ameizunguka dunia katika msafara wa Kapteni Cook, aliandika katika jarida la Teutscher Merkur kumpinga Kant, ambaye habari za watu wa mbali alizipata kwa kusoma vitabu vya wasafiri. Kant hakunyamaza, alimjibu katika jarida hilo mwaka 1788. Forster naye hakuwa malaika, na baadhi ya mawazo yake kuhusu asili ya watu hatuwezi kuyakubali leo, lakini bila majarida yale mawili Kant angebaki akijisemea peke yake.

Kwa Hegel mambo yalikwenda vingine. Mihadhara yake ya Berlin, ambamo aliiweka Afrika nje ya historia, ilichapwa mwaka 1837, miaka sita baada ya kifo chake, kwa hiyo hakuna aliyeweza kumdai jibu juu ya kitabu kile. Wala si kwamba majarida yalikuwa mageni kwake. Mwaka 1802 na 1803 yeye na mwanafalsafa mwenzake Schelling walihariri jarida la falsafa mjini Jena, wakaliandika lote wenyewe bila kuweka majina chini ya makala, hata wasomi wa baadaye wakagombana kuhusu nani aliandika nini. Mwaka 1807 alikwenda Bamberg akawa mhariri wa gazeti, kazi kama yako, Ndugu Mhariri.

Jarida la Kant-Studien, alilolianzisha Hans Vaihinger mwaka 1896, linatoka mpaka sasa. Hegel-Studien lilianza mwaka 1961, mwaka uleule tuliopata uhuru na chuo kikuu cha kwanza kikafunguliwa hapa Dar es Salaam. Ubishi kuhusu Kant na rangi za watu haujakwisha, na mmoja wa waliouamsha upya katika miaka ya 1990 ni Mnigeria, Emmanuel Chukwudi Eze, ambaye aliweza kufanya hivyo kwa kuwa aliyasoma maandishi yenyewe. Mwanafunzi wetu atayasoma wapi tukiyaondoa maktabani? Gharama ni kubwa, nakubali, na vyuo vinaweza kuchangiana.

Ila kusoma tu hakutoshi. Tuna majarida ya Kiswahili yenye sifa, kama vile Kiswahili na Mulika, lakini hayo ni ya lugha na fasihi. Walimu wa falsafa wa jiji hili wangeweza kuanza na toleo moja kwa mwaka, la kurasa chache, kwa Kiswahili, lenye sharti kwamba kila makala kuhusu Kant, Fichte, Schelling au Hegel itoke pamoja na jibu la msomi mwingine anayeipinga. Toleo la kwanza lianze na ile insha ya Novemba 1785, ichapwe yote kwa Kiswahili, na wanafunzi wa mwaka wa tatu waalikwe kuijibu.

Msomaji wako,
Sinza, Dar es Salaam