Watayarishaji wa filamu wasizikimbie hadithi nzito

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme na watayarishaji wetu wa filamu, ambao kila wakiulizwa kwa nini hawagusi hadithi nzito hujibu kwamba hazilipi. Ni kweli mara nyingi hazilipi, lakini Artur Brauner, mtayarishaji wa filamu wa Ujerumani, alilijua hilo kwa uchungu kuliko wao na bado hakuziacha.

Brauner alikuwa Myahudi, mzaliwa wa Łódź nchini Poland mwaka 1918, na ndugu zake 49 waliuawa na Wanazi. Vita vilipokwisha alikwenda Berlin, mji uliokuwa magofu, na mwaka 1946 akaanzisha kampuni ya CCC-Film. Miaka miwili baadaye alitoa Morituri, filamu kuhusu wafungwa waliotoroka kambi ya mateso wakajificha msituni. Watazamaji wa Ujerumani, ambao vita vilikuwa bado vibichi vichwani mwao, waliikataa, na mtayarishaji akabaki na deni lililomchukua miaka kulimaliza.

Alichofanya baada ya hapo ndicho ninachotaka kisomwe. Alifungua studio Spandau, mtaa wa Berlin, akatoa mfululizo wa vichekesho, filamu za mapenzi, za muziki na za upelelezi, akamrudisha mwongozaji mashuhuri Fritz Lang kutoka Marekani kuja kuongoza filamu, hata kazi zake zikapita 250. Wako waliomdharau kwa biashara hiyo. Mimi naiheshimu, kwa sababu iliiweka hai kampuni iliyorudi tena na tena kwenye hadithi ya watu wake waliouawa. Mwaka 1990 alishiriki kutayarisha Hitlerjunge Salomon, kuhusu kijana wa Kiyahudi aliyejificha miongoni mwa Wanazi kwa kujifanya mmoja wao. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Golden Globe, ingawa kamati ya Ujerumani ilikataa kuipeleka kushindania Oscar.

Ninaendesha banda la video hapa Ujiji, kwa hiyo najua watu wanataka nini Jumamosi jioni: ngumi, mapenzi, na mtafsiri anayejua kuchangamsha ukumbi. Wapewe. Lakini mkoa huu wa Kigoma umepokea wakimbizi wa Burundi na Kongo kwa miongo mingi. Kambi ya Nyarugusu ipo tangu 1996, na waliozaliwa humo sasa wana watoto wao. Wamo wazee waliovuka ziwa usiku wakiwa na mtoto mgongoni na sufuria mkononi, wanaosimulia safari hiyo kwa Kiswahili safi, nami sijawahi kuletewa bandani filamu moja inayowahusu.

Ninaloomba ni kwamba prodyuza anayetoa filamu kadhaa za mapenzi kwa mwaka atenge sehemu ya faida yake kwa filamu moja ya namna hiyo, akijua mapema kwamba huenda isirudishe gharama. Atakayekuja Kigoma kuifanya, banda langu ataonyeshea bure.

Mwendesha banda la video,
Ujiji, Kigoma